Bi Masalio, Mtaalamu wa Sauti Zilizobaki

Marehemu, ambaye wengi tulimwita Bi Masalio, alizaliwa Jumanne ya pili ya mwezi wa tatu, mwaka ule tangi la maji la mji lilipoanguka na kishindo chake kukaa sokoni hadi mavuno. Alikuwa mtoto wa tatu wa mkunga na fundi saa. Kilio chake cha kwanza kilinasa kwenye dari ya chumba cha wageni, kikagoma kutoka. Alipokuwa tayari anakwenda shule, wageni waliolala humo bado waliamka wakiuliza, "Jamani, huyo mtoto hanyonyeshwi?" Mama yake alichoka kueleza, akawa anajibu tu, "Kashashiba, laleni."

Alisoma shule ya msingi iliyokuwa nyuma ya karakana ya reli. Katika darasa la mwisho kulikuwa na kona ambayo majibu ya wanafunzi waliotangulia yalikuwa hayajafifia, na siku ya mtihani wa hesabu wenzake waligombania viti vya kona hiyo. Yeye alikaa mbele, dirishani. Darasa zima lilifeli kwa majibu yale yale. Mwalimu alipomuuliza kwa nini hakukaa na wenzake, alisema, "Niliitambua ile sauti, mwalimu. Ilikuwa ya kaka yangu."

Baadaye alijiunga na Chuo cha Elimu ya Masalio, elimu inayochunguza kwa nini sauti nyingine hufa papo hapo na nyingine hubaki ukutani kama harufu ya moshi. Alihitimu kwa heshima ya juu, akaajiriwa hospitali kuu kuondoa wodini vilio vya wagonjwa waliokwisha kupona, ili walioingia wapate usingizi. Kazi hiyo hufanywa kwa blanketi bichi na subira. Aliwaonya wanafunzi wake kwamba sauti haikatwi, huhamishwa tu kwa kubembelezwa. Mmoja alijifanya mjuaji, akakivuta kikohozi kwa nguvu, akaenda nacho nyumbani kwenye mfuko wa koti.

Ndoa yake ilitokana na kazi. Seremala mmoja alimwita kwao kwa sababu ya mkoromo wa hayati baba yake, uliobaki chumbani ukitikisa vikombe. "Sijui usingizi ni nini tena, dada," alilalamika. Bi Masalio hajatandaza hata blanketi, mama wa seremala akasimama mlangoni, mikono kiunoni.

"Wewe binti, huyo unayetaka kumfagia ni mume wangu! Mimi bila huo mkoromo silali."

Bi Masalio akaomba chai, akafikiri. Kisha akamwagiza seremala atengeneze kabati la mbao nene, lenye mlango unaobana. Mkoromo ukahamishiwa humo, na kila usiku mama akawa anaufungua mlango kidogo, kiasi cha masikio yake. Baada ya hapo Bi Masalio alirudi mara kwa mara kukagua kabati lisilo na tatizo lolote. Mama ndiye aliyechoka. "Kabati ni zima," alisema. "Kama mnataka kuoana, oaneni." Walioana Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa nane, wakajaliwa mabinti wawili.

Mwaka jana alianza kusumbuliwa na mapafu. Daktari alipomruhusu kurudi nyumbani, alielewa maana yake. Akakataa kulazwa chumbani.

"Mzee wangu," alimwambia mumewe, "nikiugulia humu, utabaki unalala na maumivu yangu. Nitandikieni sebuleni, na watu wapige kelele."

Basi redio ikawashwa, wajukuu wakaachiwa, na majirani wenye ugomvi wakakaribishwa waje waumalizie kwetu.

Alifariki Alhamisi iliyopita, alasiri, mabinti zake wakizozana nani kapoteza mkasi wa kushonea. Walipogeuka, alikuwa ameshatutoka. Sebule ikanyamaza. Ndipo lile zozo likaanza kurudi kutoka ukutani, na katikati yake sauti ndogo ambayo hakuna aliyeisikia mwanzo:

"Mkasi nimeukalia mimi, wanangu."

Mguno wake ukutani hakuna. Kilio hakuna. Mumewe aliinama, akapapasa chini ya blanketi, akautoa.

"Ameweza," alisema, na hapo ndipo tulipolia.

Marehemu ameacha mume, mabinti wawili, wakwe wawili, wajukuu watano, kaka mmoja na dada mmoja. Apumzike sasa kwa amani, asisikie la mtu.