Msaragambo wa Redempta Mchome

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia tunawasomea maisha ya dada yetu Redempta Paskali Mchome, aliyezaliwa tarehe 14 Machi 1981 hapa Kwemwala, akiwa mtoto wa tatu wa marehemu mzee Paskali, akasoma shule ya msingi hapa hapa na sekondari mjini Same hadi mwaka 1999.

Baada ya stashahada ya uandishi wa habari alirudi Same mwaka 2004 na kamera moja, wiki hii akipiga video za harusi, wiki inayofuata akitengeneza makala za mambo ambayo watu hawapendi kuulizwa. Tarehe 11 Julai 2009 alifunga ndoa na Raymond Mbonea, mkulima wa mpunga wa Kihurio, wakajaliwa watoto wawili, Rosemary na Sadock.

Ndoa hiyo ilimweka katikati ya ugomvi wa maji, sisi wa juu tukifunga ndiva, bwawa letu la maji ya zamu, wakwe zake wa chini wakitazama majaruba yakipasuka. Tangu mwaka 2016 alirekodi pande zote mbili kwa ajili ya filamu, huku akiitwa mke wa watu wa mpunga, kule akiitwa binti wa wenye ndiva, na wafadhili wakimsumbua amtaje mkosaji, naye akakataa, kwani kila aliyemhoji alikuwa na shida ya kweli.

Filamu aliiita Msaragambo, jina tunaloita kazi ya pamoja ya kijiji, akitaka wa juu na wa chini wakae pamoja waitazame, kwani kwake kusikilizana nako kulikuwa kazi ya wote. Tarehe 20 Agosti 2022 mtangazaji akapita na kipaza sauti akisema kuna msaragambo, nasi tukaja ukumbini na majembe, tukakuta shuka nyeupe imetundikwa ya kuonyeshea filamu.

"Mwanangu, shuka tumeiona, mfereji uko wapi?" bibi Namsifu akamuuliza.

Kabla hajajibu watu walishaanza kuzibua mfereji, wageni wa Kihurio walipofika na bodaboda nao wakapewa majembe, na jioni tukatawanyika tumechoka, tukimpongeza. Alikasirika mno, kwani filamu haikutazamwa. Kufikia Oktoba tulikuwa tumeshagombana tena, tukamshauri abadili jina la filamu, akasema, "Sibadili. Mjifunze kukaa, jamani!"

Novemba 2024 aligundulika kuwa na saratani ya ini, akatibiwa Same na Moshi, akafariki tarehe 6 Juni 2025, na hata kitandani aliuliza nani ameitazama filamu, na hakuna aliyethubutu kumdanganya.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliomuuguza kwa zamu, wapigapicha wenzake na wakwe waliopanda kutoka Kihurio.

Leo mmekuja wote, wa juu na wa chini, na majembe mkononi, na safari hii hamkukosea, kwani kuna kaburi la kufukia. Tukimaliza, familia inaomba majembe yaachwe nje ya ukumbi, shuka imeshatundikwa, asiondoke mtu.

Pumzika kwa amani, Redempta, leo tutakaa.