Sauti Iliyouliza Rangi

Benchi la pale kwenye kona, mbele ya kibanda cha fundi simu, ni ubao wa jukwaa la ujenzi uliolazwa juu ya matofali. Ukiuangalia vizuri utaona matone ya rangi ya karibu kila nyumba iliyopakwa mtaani. Matone hayo ni ya Brashi, mpaka rangi, na ubao ulikuwa wake wa kazi kabla hajawaachia wenzake waukalie. Mchana ule alikuwa anarudi kijiweni kwa mara ya kwanza tangu aanguke kutoka ghorofa ya pili. Alikuja na fimbo, mguu mmoja ukiuliza ruhusa kabla ya kukanyaga. Cha kwanza alichokiona ni nafasi yake, ile ya mwisho upande wa ukutani: wameiwekea kopo tupu la rangi ili mtu asikae. Kopo lilikuwa limepigwa jua mpaka maandishi yamefutika. Brashi akasimama, akajifanya anapumzisha mguu. Wenzake nao wakajifanya hawamwoni anavyofuta macho.

— Toeni kopo, mwenye kiti amefika! akaita Mama Birika, muuza kahawa, huku tayari anamimina.

— Umechelewa, Brashi, akasema fundi simu. Tunagawana pointi.

Fundi simu wanamwita Kocha, kwa kuwa hakuna jambo ambalo hawezi kumfundisha mtu, hata kama mtu huyo ndiye aliyemfundisha yeye. Siku hizo alikuwa ametekwa na gemu moja kwenye simu, la majoka na ngome na wachawi wa kurusha moto. Ndani ya gemu hilo kila mhusika anahesabiwa uwezo wake: nguvu, wepesi, ustahimilivu, akili, busara na mvuto. Mwisho ishirini. Kocha alikuwa ameamua kwamba wanakijiwe nao wahesabiwe, ijulikane nani ni nani.

— Mimi amenipa nguvu kumi na nane, akasema Winchi, mbeba mizigo, akitanua kifua kilichokuwa kipana tayari.

— Na akili sita, akaongeza Mama Birika.

— Sita ni nyingi, akasema Kocha. Nilimhurumia.

— Sikiliza, wewe, akasema Winchi. Huyo mpiganaji wako mwenye kumi na nane anabeba nini?

— Anabeba shoka, ngao, hema, mifuko ya dhahabu, na mwenzake aliyejeruhiwa. Kutwa nzima, anapanda mlima.

— Mwongo huyo! Mimi jana nimepandisha kabati la milango mitatu, jioni nikashindwa kushika kijiko. Mke wangu akanilisha kama kinda. Gemu lako lina mke wa kulisha?

— Hakuna haja. Akilala tu, asubuhi anaamka mzima. Vidonda vyote vimefunga.

Brashi akacheka mpaka ubavu ukamkumbusha kwamba bado haujapona.

— Mimi nikilala mzima, akasema, naamka shingo imekaza.

— Wewe wepesi nimekupa sifuri, Kocha akamwambia. Usinune. Umeanguka hadharani, mashahidi tele.

— Sawa. Sijanuna.

Na kweli hakuwa amenuna. Kukaa pale akitaniwa, kikombe kikimchoma vidole, alikuwa amekutamani hospitali kuliko dawa. Lakini alikuwa na jambo. Tangu aanze kusimama amekuwa akizunguka kushukuru watu mmoja mmoja. Daktari amemshukuru. Wauguzi amewashukuru, hata yule mkali wa zamu ya asubuhi. Dereva wa pikapu ya mchanga iliyomkimbiza hospitali amemfuata mpaka kwake. Mama yake, aliyemwogesha kama mtoto mchanga miezi yote ile, hajui amshukuru kwa neno gani, kwa hiyo humbusu mkono. Imebaki shukrani moja ambayo hana pa kuipeleka, na kila asubuhi mama yake anamuuliza, “Umeshamjua?” Naye anajibu, “Bado, mama.”

— Na Kimya umempa ngapi? akauliza, kusogeza muda.

Wote wakageuka. Kimya, fundi wa funguo na makufuli, alikuwa amekaa pale pale anapokaa siku zote, jirani na nafasi ya Brashi, akichokonoa kufuli kuukuu kwa kisindano. Jina alipewa kwa haki. Unaweza kumaliza naye birika zima, ukainuka ukiwa umesikia “mm” moja tu, nayo usijue kama ilikuwa jibu au kahawa imemkwama.

— Vidole, ishirini, akasema Kocha. Kwenye gemu angekuwa yule mwizi wa kufungua milango ya ngome. Siku ile uliyoanguka, nani alichomoa mlango wa choo pale kwenye ujenzi tukulaze juu yake? Kabla hatujamaliza kupiga kelele, bawaba zote chini!

— Nilishamshukuru kwa mlango, akasema Brashi. Ingawa kubebwa kwenye mlango wa choo, jamani...

— Ulitaka wa sebuleni? akauliza Winchi.

— Ila mvuto nimempa moja, Kocha akaendelea. Huo ndio uwezo wa maneno. Kumpoza adui, kuwatia moyo wenzako, kumzindua aliyezimia. Moja. Na hiyo moja ni kwa kuwa gemu halikubali sifuri.

— Mimi umenipa sifuri ya wepesi!

— Wewe nilivunja sheria.

Kimya akapuliza vumbi kwenye kufuli.

Brashi akaona hapo ndipo pa kuingilia. Akaweka kikombe chini.

— Hebu niwaulize. Nyuma ya ile pikapu nilikuwa na nani?

Winchi akakuna kichwa.

— Mimi nilikupandisha, kisha nikakaa mbele na dereva, nikitoa mkono dirishani watu wapishe. Kocha alitangulia na pikipiki. Nyuma mlikuwa wewe, Kimya hapa, na wale waashi wawili waliokuja kujenga kisha wakaondoka zao. Kwa nini?

— Kuna mtu alikuwa anazungumza nami.

— Akisema nini?

Brashi akaegemeza fimbo ukutani. Alikuwa hajamsimulia mtu yeyote isipokuwa mama yake.

— Nilikuwa chali, naona nyaya za umeme zinapita tu. Usingizi ulikuwa unanivuta, mtamu, na maumivu yanapungua. Nikasema moyoni, basi, ngoja nilale. Sasa hiyo sauti ikawa inaniuliza. “Tunapita kwa mwenye duka la mbao. Ukuta wake ulipaka rangi gani?” Nikijibu, inaniachia kidogo. Halafu, “Tunapita shuleni. Madirisha?” Hivyo hivyo, nyumba kwa nyumba. Ilikuwa inapaza juu ya injini, imepasuka kama debe. Siku zile wodini daktari aliniambia, “Ungelala njiani usingeamka.” Sasa mimi nimekuja kumshukuru huyo mtu. Ni nani?

Kila mmoja akawa na jibu.

— Waashi, akasema Winchi. Mmoja wao alikuwa na mdomo huo, haufungi.

— Mwashi aliyefika mtaani juzi atajua madirisha ya shule niliyapaka mimi?

— Basi ni simu ya dereva, akasema Kocha. Zina ramani zinazoongea siku hizi. “Baada ya kona, geuka kushoto.” Wewe umepigwa kichwa, ukasikia rangi.

— Ramani ilinikaripia, Kocha. Ilifika pahali nikajibu, ikaniambia, “Hapana! Sema vizuri!” Kwa hasira kabisa.

— Ilikukaripia? Mama Birika akashika kiuno. Basi huyo ni marehemu baba yako. Nilimfahamu. Alikuwa hawezi kumwona mtu amelala mchana.

— Baba alifariki kabla sijashika brashi. Hizo rangi angezijulia wapi?

— Huko waliko wanaona kila kitu.

— Kwenye gemu, Kocha akadakia, macho yamemtoka, kuna roho ya msafiri. Mhusika akikaribia kufa, inatoka ndani yake mwenyewe na kumsemesha. Brashi, ulikuwa unajiuliza na kujijibu!

— Mimi nasema nyumba, akasema Winchi polepole.

— Nyumba gani?

— Zile ulizozipaka. Umezihudumia miaka yote hiyo. Zikaona unapita umelala juu ya mlango wa choo, zikaona aibu. Kila moja ikauliza rangi yake.

— Winchi, akasema Mama Birika, ile sita tunakurudisha tatu.

Wakacheka. Brashi naye akacheka, lakini moyo ulikuwa umeshuka. Amekuja na shukrani, anarudi nayo. Akamtazama Kimya, ambaye kufuli lake lilikuwa limefunguka zamani na bado anaendelea kulichokonoa. Alitaka kumuuliza kama alisikia chochote, ila kumuuliza Kimya habari za maneno aliona ni kama kumuuliza Winchi habari za kushona darizi.

— Yaani pale iliponikaripia ndipo pananisumbua, akasema. Tulikuwa tunapita kwenye lile geti la fundi cherehani...

— Mungu wangu, akasema Winchi. Geti hilo.

— Usianze na geti, Brashi, Kocha akamsihi. Mtu ametoka kuumwa, sitaki kumtukana.

Maana habari za geti la fundi cherehani hapo kijiweni kila mtu alikuwa ameshazikimbia. Ilikuwa kazi ya kwanza Brashi kufanya peke yake, na alikuwa akiisimulia kila akipata mwanya: alivyosugua kutu, alivyochanganya, alivyorudia. Akianza, Winchi hukumbuka mzigo, Kocha hukumbuka simu ya mteja, na Mama Birika huinamia mkaa.

Hapo akatokea mwanamke mmoja anahema, kikapu mkononi. Alikuwa mke wa Kimya.

— Nipe ufunguo, akamwambia mumewe. Umeondoka nazo zote mbili.

— Fundi wa funguo wa mtaa mzima, akasema Kocha, na mkewe amefungiwa nje!

— Ndiyo maisha yangu hayo. Kisha akamwona Brashi, akaweka kikapu chini. Shemeji! Umesimama! Ashukuriwe Mungu. Mama hajambo?

— Hajambo, shemeji. Anakusalimu.

— Tumekuombea, wallahi. Tena afadhali nimewakuta wote, maana nina swali, na huyu nikimuuliza ananijibu “mm”. Siku ile shemeji alipoanguka mlimfanya nini mume wangu?

— Tumfanye nini? akashangaa Winchi.

— Alirudi nyumbani sauti hana. Imekauka kabisa. Wiki nzima namkandia koo kwa maji moto, anataka kitu ananyoosha kidole.

— Samahani, shemeji, akasema Kocha kwa adabu, sasa wewe ulijuaje kwamba sauti imekauka? Huyu?

— Nyumbani huwa anasema “chai tamu”. Wiki ile hata hiyo sikuipata. Miaka yote niliyoolewa naye sijamsikia akipaza sauti, hata mwizi alipoingia alimfukuza kimya kimya. Siku ile alikuwa anampigia nani kelele?

Mama Birika alikuwa ameshika birika hewani, kahawa ikimwagikia mkaa, naye haoni.

Brashi akageuka, polepole kwa sababu ya ubavu, akamtazama jirani yake wa benchi.

— Geti la fundi cherehani, akasema. Nililipaka rangi gani?

Kimya akalitazama kufuli. Akalifunga. Likalia “tik”.

— Kijani, akasema. Matabaka matatu. La kwanza liliwahiwa na mvua, ukalikwangua lote.

Sauti yenyewe ilikuwa ndogo, kavu, kama bawaba isiyotiwa mafuta. Brashi alihisi nywele za mikono zikimsimama.

— Na siku ile nilikujibu nini?

— Ulisema jeupe.

Kimya akalifungua tena kufuli. Ilionekana maneno yanamtoka kwa kazi, kama mtu anayesogeza kabati peke yake.

— Duka la mbao ulipata. Shule ukapata. Geti ukasema jeupe. Ndipo nikajua unatuacha. Wewe geti lile huwezi kulikosea ukiwa hai. Nikapiga kelele mpaka ukasema kijani.

— Kumbe ulikuwa unanisikiliza, akasema Brashi. Siku zote zile. Wenzako wakikimbia.

— Mm, akasema Kimya.

Brashi alikuwa amejiandalia hotuba. Aliifanyia mazoezi mbele ya mama yake, yenye mwanzo na katikati. Yote ikapotea. Akaushika mkono wa Kimya, ule wenye mafuta ya makufuli, akauinua, akaubusu kama anavyoubusu wa mama yake.

— Asante, ndugu yangu, akasema. Asante.

Kimya hakuuvuta mkono. Mkewe alitazama pembeni, akijipangusa kwa ncha ya kanga. Kocha alikuwa ameshika simu yake, kidole kikipanda na kushuka kwenye zile nguvu na wepesi na busara, akitafuta pa kuandika. Mwishowe akaizima, akaitia mfukoni.

Mama Birika akainamisha birika mpaka likaangalia chini. Kikatoka kikombe kimoja, cha mwisho, akampa Kimya.

— Imekwisha, jamani.

Kwa kawaida hapo watu huinuka. Winchi ndiye huwa wa kwanza, tena mbio, hasa akiwapo Brashi. Siku ile alijifuta midomo, akashuka kutoka kwenye benchi, akakaa juu ya lile kopo la rangi, akatazamana na mpaka rangi uso kwa uso.

— Haya, Brashi, akasema. Hilo geti. Anzia kwenye kutu.

Na mke wa Kimya, aliyekuwa amefuata ufunguo tu, akasogeza kikapu chake, akakaa.