Mwigizaji wa Nyuma ya Pazia

Ndugu zangu wahamiaji, nimeiomba mwenyewe nafasi hii ya kusema, na wale wawili walio karibu na mlango naomba waahirishe mazungumzo yao. Sitasimulia niliyoambiwa. Nitasema niliyoyatenda, na niliyoyasoma kwa macho yangu.

Nilifundisha historia Bukavu miaka ishirini na minane. Nilipofika Durban, vyeti vyangu havikunifungulia mlango wowote. Nikavaa kizibao cha njano, nikaanza kulinda magari kando ya chuo, kule Glenwood. Binti yangu, aliyebaki Bukavu, aliponipigia simu nilimwambia, "Nafanya kazi chuoni." Akashangilia, nami sikumsahihisha. Juma lililofuata aliuliza ninafundisha nini, nikamtajia somo. Baadaye nikamtajia hata wanafunzi: mmoja mvivu, mmoja hodari. Naam, mimi, niliyewapa sifuri watoto walioandika "watu wanasema" badala ya ushahidi!

Miaka minne niliishi hivyo, na sikutulia hata siku moja. Nilihama kona hii hadi ile, nikiyazunguka magari yasiyohitaji kuzungukwa. Simu ikilia, nilijibanza penye ukuta asisikie honi. Wenzangu walinitania: "Profesa, tulia kidogo, utamaliza barabara yote!"

Kisha binti yangu, ambaye naye ni mwalimu, akasema: "Papa, nitakuja kusomea kwako kule. Mwisho wa mwezi naandika barua ya kuacha kazi." Nikajibu, "Vema." Neno hilo moja lilinitesa kuliko uongo wote uliolitangulia.

Siku zile mama mmoja mzee, mkazi wa mtaa ule, aliniona ninasoma, akaniletea sanduku la karatasi za bibi yake, aliyekuwa mwigizaji wa jukwaani zaidi ya miaka mia iliyopita. "Familia inasema alicheza malkia hadi uzeeni," alisema. Nikamwuliza, "Nani alimwona?" Akacheka. "Hakuna. Ndiyo maana nimekuletea wewe."

Nilizipanga karatasi kwa mfuatano. Alikuwa binti wa fundi viatu, akaanza kwa kuimba kanisani, akajiunga na kundi la maigizo, akaja Durban kwa meli. Kwa misimu sita jina lake lilitangulia mengine yote katika matangazo. Kisha likatoweka. Wapo waliodai alikufa; wengine, kwamba alitoroka na mume wa mtu. Uvumi mtupu. Barua ya meneja wake inaeleza wazi: koo liliugua, sauti ikakatika, akapewa kazi ya kushona mavazi. Miaka kumi na tisa alikaa nyuma ya pazia, akiwavika wanawake wengine nguo za malkia.

Mama yake, ng'ambo, hakuambiwa. Barua za mama huyo zote zimo sandukuni, na ya mwisho inasema: "Unaniandikia habari za makofi tu. Sijui tena unakula nini, wala kama una rafiki. Malkia ninaye, binti simpati."

Ndugu zangu, nawaambia, niliiweka chini barua ile nikasimama. Zilibaki siku tatu mwezi uishe.

Nilipiga simu palepale, katikati ya magari. "Sifundishi. Sijawahi kufundisha hapa. Ninalinda magari. Usiache kazi." Akauliza: "Papa, miaka yote hii unasimamaka kwa jua? Na yale magoti yako yenye kuuma?" Kisha hasira ikampanda, na alikuwa na haki: "Nilishaambia kartiye yote, mtaa muzima, Papa! Sasa nitaonyesha watu sura gani?" Akakata. Majuma mawili hakupokea simu zangu. Lakini hakuandika ile barua. Bado ana darasa lake, na mwezi huu tumeanza kuzungumza tena, kwa tahadhari, kama watu wanaojuana upya.

Namshukuru mama yule mzee. Nawashukuru wenzangu wa barabarani, walionishikia kona yangu siku nilipokaa chini nikilia, wala hawakuniuliza kitu. Nanyi pia, mlionikaribisha bila kudai vyeti.

Najua humu wamo wengine ambao nyumbani wanajulikana kuwa wakurugenzi. Mnacheka, simtaji mtu. Ila ikiwa huko kuna anayekaribia kuacha kazi, au kuuza nyumba, kwa sababu ya maneno yako, usingoje nimalize kusema. Toka nje umpigie.