Mama Gaudensia, Aliyengoja kwenye Msalaba wa Chini

Mama yetu Gaudensia alizaliwa mwaka 1968 huko Mwakiro, Muyinga, Burundi, mtoto wa pili wa mzee Zakaria. Mwaka 1972, wakati wa mauaji, shangazi yake alikimbia naye hadi Ngara, Tanzania. Kaka yake Fabiano alibaki na wazazi.

Alisoma shule ya msingi hukohuko Ngara, kisha akajifunza kushona. Cherehani ndiyo iliyotulea, na sisi watoto tulivaa mabaki ya vitambaa vya wateja bila aibu. Mwaka 1990 alifunga ndoa na baba yetu Venansi, na mwaka 2008 wakarudi kwao baba, hapa Mutaho.

Mwaka huohuo alikwenda Mwakiro kuomba sehemu ya shamba la wazazi. Mjomba Fabiano akamjibu, “We uliolewa. Shamba iko yangu.” Mama naye ulimi ukamponyoka mbele ya majirani: “Basi sina kaka!” Alilijutia neno hilo hadi mwisho.

Kanisa hili la hija, Mama wa Mapatano, lilijengwa na majirani walioogopana wakati wa vita, kila mmoja akipanda mlima na jiwe lake. Wakaweka sharti: mwenye ugomvi na ndugu yake haingii. Anangoja kwenye msalaba wa chini, pale mlima unapoanzia, mpaka ndugu huyo aje, wapande pamoja. Hiyo ndiyo maana ya hija yetu. Basi kila Asomptio, sikukuu ya Bikira Maria kupalizwa mbinguni, tarehe 15 Agosti, Mama alivaa kitenge chake kizuri, akaketi msalabani, akasikiliza nyimbo za Misa kwa mbali. Padri alimsihi apande tu. “Bila kaka, hapana,” alijibu. Salamu alituma mara nyingi, mjomba hakuja.

Sukari ilimwanza mwaka 2019. Julai hii mjomba alipiga simu: “Mdogo wangu, mi nimezeeka. Asomptio hii ntakuja. Uningoje.”

Mama alicheka. “Kungoja nimezoea, kaka.”

Akainuka kitandani, akamshonea shati. Alifariki hospitalini Gitega, Jumapili tarehe 3 Agosti 2025, sikukuu ikiwa bado. Inatuuma sana.

Ameacha mume, watoto wawili, Thomas na mimi Klara, wajukuu watano, na kaka. Ndiyo, kaka. Huyu hapa, na shati lake. Linampwaya, kwa sababu Mama alilikata kwa mwili wa kaka kama alivyomkumbuka, kabla ya uzee. Asubuhi hii alimkuta dada yake kwenye msalaba wa chini, akalishika jeneza, wakapanda pamoja.

Mama, mlangoni umepita. Pumzika sasa kwa amani, humngoji mtu tena.