Mwenye Maharage Yuko Wapi? Miaka Ishirini na Sita ya Kiprono Tuwei Botini

Jumamosi, tarehe 29 Novemba 2025, Bwana Kiprono Tuwei atastaafu baada ya kuitumikia kampuni yetu ya Boti za Mwangaza kwa miaka ishirini na sita, mwezi mmoja na siku kumi na nane. Alianza akiwa mfagizi wa boti, akawa baharia, na tangu mwaka 2006 amekuwa kiongozi mkuu wa wageni. Katika muda huo wote alichelewa kazini mara mbili tu, na mara zote mbili Jerusha, mkewe, alikuwa anajifungua.

Kwa wale watakaosoma haya bila kuijua kazi yetu, maelezo ni mafupi. Boti yetu huondoka gatini Pittwater, kaskazini mwa Sydney, saa tatu asubuhi. Huwapeleka wageni kwenye ghuba tulivu, ambako huvaa barakoa na mrija wa kupumulia wakatazama samaki. Kisha huwapeleka kwenye mapango ya majabali, na mwisho ufukweni kwa chakula cha mchana. Wengi wa wageni wetu wa mwisho wa juma ni watu wetu wa Afrika Mashariki waishio Merrylands, Guildford na Toongabbie, vitongoji vilivyo mbali na pwani. Wameishi mji huu miaka kumi au ishirini, wakaiona bahari kupitia dirisha la basi, wala hawajaiingia hata kwa kifundo cha mguu.

Kiprono mwenyewe alikuwa mmoja wao. Alizaliwa katika nyanda za juu za Nandi, mahali ambapo maji mengi kuliko yote ni ya birika la ng'ombe. Alipokuja kuomba kazi mwaka 1999, akiwa na umri wa miaka arobaini, aliulizwa kama anajua kuogelea. Alijibu kwamba bado. Jibu hilo liliwapendeza waliomsaili kwa sababu ya neno lake moja la matumaini, wakampa ufagio na miezi sita. Kila jioni alikwenda kwenye bwawa la kuogelea la mtaani kwao, akajifunza pamoja na watoto wa miaka saba. Anasema walimcheka kwa wiki mbili, na wiki ya tatu wakaanza kumfundisha. Mwezi wa tano alivuka ghuba yetu kwenda na kurudi, akapanda botini, akaendelea kufagia.

Pengine ni kwa sababu hiyo hakumdharau hata siku moja mtu aliyeogopa maji. Ndiye aliyeleta beseni botini. Mgeni anayeogopa huketi kwenye kiti, beseni la maji ya bahari huwekwa mbele yake, na ndani yake huwekwa jiwe lenye konokono. Huvaa barakoa, huinamisha uso, hupumua kwa mrija, hutazama konokono. Hakuna anayemharakisha. Bibi Chepngetich wa Toongabbie, aliyekuwa na miaka sabini na mmoja, alikaa na beseni safari nzima. Tulipomwomba angalau aguse maji ya nje alisema, "Bahari yangu ni hii. Ile ingine ni yenu, endeni nayo." Mwaka uliofuata alirudi, akalipita beseni bila kulitazama, akashuka ngazi.

Wageni hutuuliza kwa nini mapango yetu yana majina ya Kiswahili. Ni Kiprono aliyeyaita hivyo. Lile lenye dari jeusi, kana kwamba ndani yake kulipikwa kwa kuni karne nzima, aliliita Pango la Jiko. Mlango wake ni mfupi. Maji yakipwa, mtu huogelea ndani akiwa na nafasi ya kutosha juu ya kichwa. Maji yakijaa, mlango hufunikwa karibu wote. Naomba msomaji alikumbuke pango hilo.

Sasa sina budi kueleza jambo ambalo halimpendezi mwandishi wa maneno haya.

Kanuni za kampuni zinaagiza kwamba abiria wahesabiwe wakati wa kuondoka na kila boti inapotoka mahali. Kiprono hakukubali kuwahesabu. Kwao watu hawanyooshewi kidole wakahesabiwa mmoja, wawili, watatu, na hata ng'ombe hawahesabiwi hivyo. Mchungaji humjua kila ng'ombe kwa sura na tabia, na jioni hutazama zizi akaona kama kuna pengo. Jina lake lenyewe, kwa lugha ya kwao, hupewa mtoto aliyezaliwa mbuzi wakirejea nyumbani. Kwa hiyo asubuhi alisimama penye ngazi, akamshika mkono kila abiria, akamuuliza ametoka wapi na ameacha nini nyumbani. Mmoja aliacha mtoto mwenye mtihani, mwingine mbwa mgonjwa. Kila walipopanda kutoka majini aliwapokea kwa maneno hayo hayo. Shughuli hiyo ilichukua dakika tisa. Najua, kwa sababu niliipima kwa saa.

Nimekuwa mtunza orodha tangu 2008, na kabla ya hapo nilikuwa mwalimu. Mwezi Machi 2014 nilimwandikia Kiprono barua ya onyo kwa niaba ya ofisi, nakala tatu. Barua ilisema kwamba boti zinachelewa, kwamba kanuni ni kanuni, na kwamba akiichelewesha boti tena bila sababu iliyo kwenye kanuni, ataachishwa kazi. Ilikuwa barua safi, haikuwa na kosa hata moja. Aliisoma yote, akanishukuru, akasema, "Mwalimu, umeandika vizuri sana. Lakini watu si magunia." Tukakubaliana kwamba mimi nitahesabu na yeye ataendelea kusalimia, mradi asizidishe dakika tatu.

Mwaka mmoja baadaye, Jumapili moja ya Februari 2015, tulikuwa na abiria ishirini na wanne wa kila aina. Walikuwamo wanafunzi, wazee wa Kiaustralia, na familia mbili za Kihindi. Alikuwamo pia Raheli, Mtanzania wa Guildford, mhudumu katika nyumba ya wazee, aliyekata tiketi peke yake. Asubuhi Kiprono alimuuliza ameacha nini nyumbani. Alijibu, "Nimeroweka maharage, Mzee. Msinicheleweshe, yataota." Wakacheka, nami nikawakumbusha kwamba dakika tatu zimekwisha.

Mchana tulitia nanga mbele ya Pango la Jiko. Boti nyingine ya watalii ilikuwa imetia nanga jirani, na wote majini walikuwa na nguo nyeusi za mpira na barakoa, ambazo humfanya kila mtu afanane na mwenzake. Redio ikatangaza upepo mkali kutoka kusini. Tukapiga kengele. Abiria wakapanda, nami nikahesabu vichwa kimoja kimoja penye ngazi, nikapata ishirini na vinne. Nikatia sahihi. Boti jirani ikang'oa nanga, ikaondoka.

Nahodha wetu, Vénérand, Mrundi aliyelelewa kando ya Ziwa Tanganyika, akawasha injini. Kiprono alikuwa bado ameishika ngazi, hajaiinua. Alitazama sitaha kutoka upande mmoja hadi mwingine, polepole, kisha akauliza, "Mwenye maharage yuko wapi?"

Nilimwonyesha orodha. Nilimwambia idadi imetimia.

"Sijauliza idadi, Mwalimu. Nimeuliza mwenye maharage."

Vénérand alisema kutoka kwenye usukani, "Mzee, watu yote iko hapa. Tuende, upepo inakuja." Abiria walikuwa wanatetemeka kwa baridi, na mmoja alianza kulalamika kwa sauti. Mimi, nasema kwa aibu, nilimkumbusha Kiprono juu ya barua. Nilitumia maneno yaleyale niliyoyaandika. Alikuwa na mke, watoto wawili wanaosoma, na miaka hamsini na sita, umri ambao mtu hapati kazi nyingine kwa urahisi. Aliniambia, "Basi niandikie nyingine, nitaisaini nikirudi." Akafunga kamba kiunoni, akampa Vénérand ncha yake, akaingia majini kuelekea pangoni.

Raheli alikuwa ndani kabisa ya pango, amesimama kwenye ukingo wa jabali. Mguu wake ulikuwa umetelezea kwenye ufa, na pezi lake la kuogelea likakwama humo. Alikuwa amepiga filimbi mpaka midomo ikafa ganzi, lakini mawimbi yalikuwa yakinguruma mlangoni na hakuna aliyesikia. Maji yalikuwa yamemfikia kifuani. Kiprono alikata mkanda wa pezi kwa kisu, akamfunga kamba, wakatoka kwa kupiga mbizi chini ya kizingiti cha juu cha mlango, maana nafasi ya kupumua ilikuwa imebaki upana wa kiganja. Dakika ishirini baadaye kiganja hicho nacho kisingepita.

Raheli alipopandishwa, jambo la kwanza alilosema ni, "Sikuja na mtu. Nilikuwa najiambia, nani ataniulizia?" Kiprono alimfunika blanketi. Alimjibu kwamba maharage ni mzigo mkubwa, hayasahauliki.

Ikabaki hesabu yangu. Iwapo Raheli alikuwa pangoni, vichwa ishirini na vinne vilitoka wapi? Tulimpata wa ziada kwenye benchi la nyuma, amejifunika taulo mpaka kichwani. Alikuwa mzee wa ile boti jirani, aliyepanda ngazi isiyo yake na kuketi kwa utulivu. Alikuwa amekwisha kunywa vikombe viwili vya chai ya tangawizi na kula andazi. Alieleza kwamba alishangaa kidogo, lakini alidhani kampuni yake imeboresha huduma. Kwenye boti yake nao, bila shaka, hawakuwa wamemkosa.

Sikuandika barua ya pili. Niliandika taarifa, na ndani yake nilisema wazi nani alihesabu na nani aliona. Ofisi ilibadilisha kanuni mwezi huo huo. Tangu siku hiyo orodha zetu zina safu ya tatu, karibu na jina na namba ya simu. Ndani yake huandikwa neno moja alilolisema abiria asubuhi: mtihani, mbwa, harusi ya dada, anaogopa kaa. Kabla ya boti kuondoka, kila mmoja huitwa kwa jina lake na neno lake, naye hujibu kwa mdomo wake. Inachukua dakika tisa. Katika miaka kumi iliyopita hatujamwacha mtu, wala hatujamchukua wa wenyewe.

Na ile barua ya onyo? Kiprono hakuiweka kinyongo, aliiweka chini ya mguu mfupi wa meza ya chai. Meza haijayumba tena. Waliokarabati boti mwaka jana walitaka kuitoa. Niliwaomba waiache mahali ilipo, kwa sababu ndipo ilipofanya kazi ya maana.

Katika utumishi wake Bwana Kiprono amewatia majini, kwa beseni na bila beseni, watu wasiopungua mia nne ambao hawakuwahi kuogelea. Amewafundisha mabaharia kumi na wawili, na watatu kati yao sasa ni manahodha. Hakuwahi kupaza sauti botini, ila siku mgeni mmoja alipomrushia kaa chapati aliyoipika Jerusha. Hata siku hiyo alimkemea mgeni kwanza, kisha akamwomba radhi kaa.

Baada ya kustaafu anakusudia kwenda Nandi miezi miwili kuwatembelea kaka zake na ng'ombe wao, ambao ametuhakikishia kwamba anamjua kila mmoja kwa picha za simu. Halafu atarudi Toongabbie kwa Jerusha na wajukuu. Wajukuu hao humwelewa anaposema nao kwa Kiswahili, wakamjibu kwa Kiingereza, naye hana taabu, mradi wamejibu.

Hafla ya kumuaga itafanyika Jumapili, tarehe 30 Novemba, saa nane mchana, katika ukumbi wa Merrylands. Wageni wote mnakaribishwa. Raheli ameomba apike yeye, na kila mmoja wenu anajua atapika nini. Ameahidi kwamba safari hii yatarowekwa kwa muda unaofaa.

Bwana Kiprono, kwa niaba ya Vénérand, ya ofisi, na ya watu wengi waliofika nyumbani jioni wasijue kwamba kulikuwa na mtu aliyewatazama, pokea shukrani zetu. Jumatatu, tarehe 1 Desemba, Shirleen wa Toongabbie, mwalimu wa kuogelea uliyemchagua mwenyewe, ataanza kazi mahali pako. Nitawahesabu wafanyakazi watakaopanda, na watakuwa sita, kama siku zote. Idadi itatimia. Kisha nitainua macho kutoka kwenye karatasi, nitazame sitaha kutoka upande mmoja hadi mwingine, na nitaona pengo.

Nenda ukapumzike, ndugu yetu. Tunakuombea jioni nyingi na ndefu, na katika kila mojawapo, ukitazama waliokuzunguka, asiwepo unayemkosa.

Wilfred Mhagama
Mtunza orodha, Boti za Mwangaza