Kipande cha Lemuel

Usinikunjie pua kabla sijafungua mdomo. Kama huamini, basi hukuishi Central Avenue, mtaa wetu weusi wa Los Angeles, mwaka ule televisheni ilipoingia kwa kinyozi Thaddeus. Benchi lilikuwa lile lile, birika la kahawa lile lile, wabishi wale wale. Kilichoongezeka ni hilo sanduku juu ya kabati la taulo. Jumamosi moja Verlene aliingia amevaa nguo nyeusi, akasimama nyuma ya benchi, akakataa kuketi. Mumewe Lemuel, mpiga tarumbeta, alikuwa anazikwa kesho yake, na Shemasi Hightower, msomaji wa wasifu wa marehemu, alikuwa amegoma kusoma kwamba Lemuel aliwahi kupiga muziki katika filamu. Yeye hasomi uongo juu ya jeneza. Sasa filamu yenyewe ilikuwa inaonyeshwa kwenye televisheni, na Verlene alitaka Shemasi, aliyekuwa pale benchini, aione kwa macho yake.

Wakaiona. Mzungu na mchumba wake walishuka garini, wakaingia kilabuni. Papo hapo wakatoka. Lemuel hakuonekana hata kivuli.

Kijiko, mhudumu mstaafu wa hoteli, akasema labda Lemuel ndiye aliyewafungulia mlango. Reli, mpagazi wa treni, akadai studio za filamu ziliwapiga picha weusi kwa kamera tupu, ili warudi nyumbani wamefurahi. Kijiko hakutaka kuzidiwa, akaapa kwamba marehemu yumo humo humo sandukuni, amezibwa na tangazo la sabuni. Benchi likacheka. Verlene hakucheka.

— Wanamuziki walipigwa picha peke yao, siku ambayo wale nyota hawapo, alisema. Kipande cha weusi hakikufungwa na hadithi, ili sinema za Kusini, zisizotaka sura nyeusi, zikinyofoe bila taabu. Hii ndiyo nakala iliyonyofolewa.

— Shemeji, hapa ni Los Angeles, Reli alisema taratibu. Makombo ya Kusini yafuate nini huku?

— Watu wa televisheni wananunua nakala za bei rahisi.

— Nani kakwambia?

Hakuna aliyemwambia. Alikuwa anakisia, na Shemasi aliliona hilo usoni mwake.

— Dada Verlene, Lemuel nilimpenda. Lakini nisichokiona sikisomi.

Akanyoosha mkono kuchukua kofia.

Kwenye kiti cha kunyolea alikuwa amelala mgeni, ameshuka basi la kutoka Louisiana asubuhi ile, povu limemjaa mashavuni.

— Samahani, wazee. Wale wawili wa kwenye filamu wameingia kilabuni wanagombana, wametoka wameshikana mikono, na yule dada anafuta machozi. Mle ndani wamekuta nini?

Wote walikuwa wanamtafuta Lemuel; hakuna aliyewatazama wale wawili. Shemasi aligeukia televisheni, lakini tayari ilikuwa inauza sabuni.

— Wamemkuta mume wangu na tarumbeta yake, Verlene alisema. Kesho, Shemasi, useme hivyo, au unipishe niseme mwenyewe.

Jibu hakulingoja. Alitoka, akafunga mlango.