Jina Lije Kabla ya Sabuni

Mgeni rasmi, Mkurugenzi wa kituo chetu cha televisheni, sisi wafanyakazi wa Studio Namba Mbili tunakukaribisha kwa mikono miwili. Ila kile kiti cha pembeni usikikalie, kimetengenezwa ili kivunjike.

HISTORIA

Studio ilianza miaka kumi na tisa iliyopita, ikiwa na kamera moja, taa tatu na mwandishi mmoja wa filamu. Kamera sasa ni nne. Mwandishi ni yuleyule, tunayemwita Kaka Rasimu, anayeandikia kwenye meza ya kupigia pasi ndani ya stoo ya mavazi.

MAFANIKIO

Hapa tuseme ukweli. Risala hii tulimwomba yeye atuandikie, kama tunavyomwomba kila kitu. Ameileta asubuhi, imenyooka. Kwenye mafanikio amemtaja fundi taa, mshonaji, dereva, hata mlinzi wa geti aliyeigiza maiti mara saba bila kupiga chafya. Yeye mwenyewe hamo! Basi sehemu hii tumeiandika upya, na makosa yote ni yetu.

Kaka Rasimu ameandika filamu za mapenzi, za upelelezi, na katuni ya kuwafundisha watoto kunawa mikono. Ile ya kutisha aliiandika mlango ukiwa wazi na fundi sauti kakaa karibu, maana alikuwa anajitisha mwenyewe. Ile ya vichekesho, iliyowavunja watu mbavu, aliiandika wiki aliyoachwa na mchumba. Tulipompa pole akasema, "Hebu niacheni kwanza, shemeji yenu wa zamani kanipa mstari mzuri."

CHANGAMOTO

Majina yetu hutokea mwisho wa filamu, na hapo ndipo tangazo la sabuni huingia. Mama yake Kaka Rasimu hukaa mbele ya televisheni kila Ijumaa mpaka mwisho, kisha humpigia simu: "Mwanangu, sabuni imekufuta tena."

Mara moja tu tangazo lilichelewa. Lakini mchapaji wetu alikuwa ameandika "Rasimu", kwa kuwa hakuna kati yetu aliyejua jina lake jingine. Mama akauliza huyo Rasimu ni mtoto wa nani. Tuliona aibu sana.

Sasa jicho la mama la kushoto limezima. La kulia, daktari amesema, halitamaliza mwaka.

MAOMBI

Hapa Kaka Rasimu ameandika kiyoyozi, viti na rangi ya ukuta. Hayo yatasubiri. Sisi tunaomba jambo moja: Ijumaa hii, kabla filamu haijaanza, litokee jina alilopewa na mama yake, kwa herufi kubwa, nyeupe juu ya nyeusi, na likae mpaka mtu wa jicho moja alisome polepole. Tumelipata kwa mama mwenyewe, limo kwenye bahasha hii.

Kule nyuma Kaka Rasimu anatupungia mkono tukate. Leo hatukati.

Mungu akufikishe nyumbani salama, na Ijumaa akukalishe mbele ya televisheni mapema.

Ni sisi,
Wafanyakazi wa Studio Namba Mbili.